Chausiku Alinitangulia Kendu Bay

Kila mmoja wenu ameniuliza kwa wakati wake, na kila mmoja nimempa kipande, kwa hiyo sasa Kaloleni nzima ina vipande na hakuna mwenye safari. Wengine mnasema nilikwenda kuanzisha dini. Halima anasema nilikwenda kuolewa. Shangazi anasema nilikwenda kununua majani ya chai, na kati yenu nyote yeye ndiye aliyeukaribia ukweli. Naandika yote mara moja. Mpitishiane, na mniache nile.

Kaloleni hadi Katito

Nilitoka asubuhi nikiwa na ndala miguuni, leso mbili na mfuko wa nailoni, kwa sababu dukani si safari. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha. Nikanunua pakiti ya majani ya chai. Nilipotoka, lori la mkate la Salim lilikuwa limesimama pale nje likinguruma. Salim mnamjua: jirani yetu wa mstari wa nyuma, yule anayelala saa mbili na kuamka kabla ya jogoo.

"Leo wapi?" nikamwuliza.

"Katito, halafu Kendu Bay, barabara ikikubali."

"Kendu sijafika."

"Na mimi sikukuuliza."

Nikazunguka upande wa pili nikafungua mlango. Mnaonijua mnajua kwamba tangu niache shule darasa la saba, sijawahi kuona gari likielekea nisipopajua nikabaki nimetulia. Salim akanitazama, akautazama mfuko.

"Shangazi yako anajua?"

"Atajua."

Mpaka Ahero nilikuwa nimeshamwuliza kwa nini mkate ni wa pembe nne, nani aliamua, na kama mkate wa jana hurudi kiwandani au huenda wapi. Kwenye mashamba ya mpunga nikamwuliza kama ndege weupe wanalala palepale majini. Salim akasema, "Rukia, wewe ungekuwa polisi, watu wangekiri hata wasiyoyafanya." Basi nikanyamaza kidogo. Harufu ya mkate wa moto kwa nyuma, madirisha yamefunga ukungu, mimi sina hata kitana. Nilifurahi kupita kiasi.

Mbele ya maji

Katito tulishusha kreti kadhaa, tukakata kulia kuelekea Kendu, na hatukufika mbali. Kijito ambacho siku nyingine ungekiruka kilikuwa kimepanda juu ya barabara, kahawia, kinabeba matawi na ndoo ya mtu. Magari yalikuwa yamepanga mstari. Madereva walikuwa wamesimama ukingoni mikono kiunoni, kila mmoja akitupa jiwe asikilize kina.

Hapo tulikaa. Mama mmoja alipita na ndoo ya nyoyo, mahindi na maharagwe yaliyochemshwa pamoja mpaka yakakubaliana, na Salim akafungua kreti, kwa hiyo tukala nyoyo kwa mkate. Mtoto mchanga alikuwa analia katika gari la mbele, kilio kile kisichopumzika.

Karibu yetu kulikuwa na pikapu imejaa vyungu vilivyofungwa kwa nyasi. Mwenye vyungu alikuwa Mama Akumu, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya mto, anayeuza sokoni Kendu na masoko ya njiani. Nilimwuliza udongo wanautoa wapi, vyungu vinachomwa kwa kuni gani, na kwa nini kimoja kinapasuka na jirani yake hakipasuki. Alijibu yote. Mwishowe akachoka.

"Wewe wa Kisumu, mdomo yako imeuliza tangu asubuhi. Sasa ijibu. Tupee hadithi, maji hii haiendi mahali."

"Nianze?"

"Ngoja!" Akainua mkono. "Ni mchana. Mama yangu alikataza kabisa. Alisema ukisikiliza hadithi mchana, hutakua tena."

"Mama, wewe umeshakua," akasema dereva wake, "mpaka pikapu inalalamika."

Watu walicheka, lakini hakuna aliyesema nianze. Niliona wazi kwamba wote wanataka na wote wanaogopa kidogo, kama watu waliosimama mbele ya maji yale. Ndipo nikasema kuna ruhusa. Nikasema yupo mungu mdogo wa zamani, mwanamke, anayeshika hadithi, saa na ndoto kwa pamoja, kwa sababu kwake hivyo vitatu ni maji ya mtungi mmoja. Kimoyomoyo nikasema astaghfirullah. Nikasema anakaa jicho moja wazi na jicho moja limefumba. Lile lililo wazi ndilo linaloshikilia mchana. Mtu akimwomba vizuri, analifumba nalo, na pale mlipokaa panahesabika kuwa ni usiku hata jua likiwa utosini.

"Anaitwa nani?" akauliza Mama Akumu.

Nilihitaji jina upesi. "Chausiku," nikasema.

Mnajua Chausiku ni nani. Ni paka wa shangazi, mweusi, ambaye kweli hulala na jicho moja wazi ili aione sahani ya dagaa wa omena ikitua.

Basi Mama Akumu akamwomba Chausiku afumbe jicho, wenzake wakaitikia, na mimi nikasimulia. Nilisema Chausiku ana kikapu, na humo huweka hadithi zilizokatika katikati, na usiku huzigawa, ndiyo maana ndoto huanza pasipo na mwanzo. Yule mtoto alikuwa bado analia. Nikaongeza kwamba mtu aliyekufa na watu wakakataa kumsimulia haendi mbali. Anazunguka nyumba ile akitafuta mdomo wa kuazima.

"Mdomo wa nani?" akauliza Mama Akumu. Sauti yake ilikuwa imeshuka.

"Wa yeyote," nikasema. "Hata wa mtoto mchanga."

Hakucheka. Alivunja kipande cha mkate, akakishika tu. Alasiri maji yalipungua kidogo, na pikapu yake, kwa kuwa ina magurudumu marefu, ikavuka. Salim alikataa. "Mkate ukilowa ni uji," alisema. Tukalala Katito katika ukumbi wa kanisa pamoja na wasafiri wengine, mimi na leso zangu mbili. Shangazi nilimpigia kwa simu ya Salim. Neno alilosema silirudii hapa.

Pap Onditi

Asubuhi tulivuka. Pap Onditi Salim alishusha mkate, tukala samaki wa kukaanga na ugali wa mtama, kisha akataka kunyoa ndevu. Kinyozi alikuwa kijana mtanashati mwenye kioo kilichopasuka, na kama vinyozi wote alikuwa na habari kabla ya gazeti.

"Mmepita Katito," alisema, wembe ukiwa shingoni mwa Salim. "Huko kuna mungu ya zamani ya kina mama. Watu walikuwa wamemsahau. Anaitwa Chausiku."

Salim alishtuka. Bahati wembe ulikuwa juu.

"Tulia, mzee. Huyo mama ana jicho moja inafunga, moja inafungua. Babu yangu alimjua sana."

"Jicho gani linafunga?" nikauliza.

"Ya kushoto."

"Mimi nilidhani la kulia."

Akanitazama kupitia kioo kilichopasuka kwa huruma. "Dada, wewe ni mtu wa Kisumu. Utajua wapi?"

Nikauma leso nisicheke. Hadithi yangu ilikuwa imelala mahali pazuri kuliko mimi, na asubuhi imenitangulia kuamka. Lakini kinyozi alikuwa anaendelea. Alisema kuna boma huko Kendu ambako mtoto analia usiku na mchana, na sasa imejulikana ni kazi ya Chausiku, na mke wa boma hilo amefunga mzigo arudi kwao.

Kicheko kiliniisha mwilini chote. Tulipokuwa tunapanda lori, Salim, ndevu upande mmoja tu kwa haraka ya kutoka pale, akasema polepole, "Rukia. Si ndiye yule paka wenu?"

Kendu Bay

Salim alishusha mkate wa mwisho akasema anageuza, nirudi naye. Nilishika mlango wa lori muda mrefu. Ningerudi, mngekuwa na hadithi ya kuchekesha na mimi ningekuwa nimekunywa chai. Nikamwambia aende. Akanipa mkate mmoja akaondoka bila kuuliza, na hilo kwa Salim ni maneno mengi.

Mama Akumu nilimpata sokoni kati ya vyungu vyake. Alinishika mkono kwa mikono yote miwili.

"Yawa, nyar Kisumo! Binti wa Kisumu! Tulikuwa tunakutafuta."

Alinieleza akiwa amesimama. Kuna mama mkongwe anaitwa Perpetua, ila watu wote humwita Dani, yaani bibi. Mwanawe Ouma yuko Nakuru kwa kazi ya ujenzi. Mke wa Ouma, Adhiambo, amejifungua msichana, na mtoto tangu azaliwe analia. Walimpeleka zahanati. Muuguzi alimpima na kumpima tena, akasema mtoto ni mzima, ananyonya, hana kitu. Basi likabaki jambo ambalo Wajaluo wengi wanalijua: labda yupo marehemu anayetaka jina lake. Unamwita mtoto majina ya waliokufa wa ukoo, moja moja, na akinyamaza, huyo ndiye. Waliita yote. Mtoto akayakataa yote.

"Yote?" nikauliza.

"Isipokuwa moja." Mama Akumu akatazama pembeni. "Aloo. Mke mwenza wa Dani. Hakuzaa, kwa hivyo hana mtu wa kusema, mpeni mtoto jina la mama yetu. Dani amekataza hiyo jina isitoke mdomo ya mtu kwake."

Jana, alipovuka maji, Mama Akumu alipita pale akasimulia habari za Chausiku. Alipofika kwenye mdomo wa kuazima, Adhiambo alisimama na mtoto akasema, ni Aloo. Dani akasema, labda nife. Tangu hapo wanapikia kwenye mafiga tofauti, na leo Adhiambo anaondoka.

"Mama," nikasema, "mimi nilitunga."

"Umetunga nini?"

"Chausiku. Ni paka."

 Mteja alikuja akagonga chungu kwa kidole asikie mlio wake, hakuna aliyemhudumia.

"Usiniambie mimi," akasema mwishowe. "Kawaambie wao."

Nyumba ya Aloo

Kilio nilikisikia kabla sijaona paa. Boma lilikuwa na nyumba kubwa, nyumba ya kijana pembeni, na nyumba ya tatu ya udongo upande wa mkono wa kulia, mlango umefungwa, nyasi zimefika kizingiti. Dani alikuwa amekaa kwenye baraza la nyumba kubwa akimenya njugu karanga, mwembamba, mgongo umenyooka. Adhiambo alikuwa mlangoni kwake, begi miguuni, mtoto begani.

Mama Akumu alisema mimi ni nani.

"Ndiye wewe ulileta mungu," akasema Dani bila kuinua macho.

Nilikuwa nimepanga maneno njiani. Yalinikimbia. "Dani, Mungu simjui kuliko mnavyomjua nyinyi. Chausiku ni paka wa shangazi yangu. Tulikuwa tumekwama, watu wanaogopa hadithi ya mchana, nikatafuta jina. Nimekuja kuwaambia msigombane kwa ajili ya paka."

Mkono wake ukasimama juu ya ungo. "Paka?"

"Mweusi. Anaiba omena."

Dani alicheka. Alianza taratibu puani, kisha bega, kisha ikabidi ashike nguzo. "Adhiambo! Umesikia? Ulikuwa unaniacha kwa sababu ya paka!"

Adhiambo hakucheka. Macho yake yalikuwa mekundu kwa kukosa usingizi. Akanigeukia. "Sasa umekuja kumchekesha yeye. Na mimi? Hii mtoto nitaiambia nini, inyamaze, ilikuwa paka?"

Hapo ndipo nilipoona nimefanya nini. Nilidhani ukweli utawatua mzigo wote wawili, kumbe nimemtua mmoja na kumbebesha mwingine. Nikasema kilichokuja.

"Paka ni wa shangazi. Lakini yale ya mtu kuachwa bila kusimuliwa, hayo sikuyatoa kwa paka."

"Uliyatoa wapi?" Dani akauliza. Kicheko kilikuwa kimeisha.

"Mama yangu alifariki nikiwa mdogo. Shangazi akitajiwa jina lake huanza kufagia. Anafagia mpaka tunaacha kuuliza."

Mtoto alizidisha kilio. Na mimi, mnavyonijua, sikuweza kuvumilia. Sikuwa na mpango wowote, wallahi. Nilitaka tu kujua.

"Huyo Aloo, alikuwa mtu wa namna gani?"

Mama Akumu alivuta pumzi. Dani akarudi kwenye njugu, akamenya moja, akamenya ya pili.

"Mtu wa maneno," akasema. "Jioni watoto wanakula kwangu, sahani hazijakauka, wamekimbilia kwake. Ouma ndiye wa kwanza. Mimi nazaa, yeye anasimulia. Upuuzi tu, mambo ya fisi."

"Fisi alifanya nini?"

"Fisi alitaka kuoa mwezi."

"Halafu?"

"Akapanda mlima na ng'ombe za mahari. Kila siku mwezi unapungua, anasema, wanamla mke wangu..." Alisita. Kisha sauti yake ikabadilika, ikawa nyembamba, yenye mzaha, sauti ya mtu mwingine kabisa, na akaendelea. Fisi alilia, fisi aligombana na wakwe, fisi alitafuna ng'ombe wa mahari kwa huzuni mmoja baada ya mwingine. Mama Akumu alikaa chini. Adhiambo alisogea hatua, begi likabaki nyuma.

"Dani," akasema, "ni mchana."

"Nyamaza. Jicho imefumbwa."

Alisimulia mpaka mwisho, na mwisho sitauandika, ni wake. Alipomaliza nikamwuliza aliijuaje yote, ikiwa watoto ndio waliokuwa wakienda.

Dani alitazama ile nyumba ya tatu. "Nilikuwa nasimama nje ya ukuta wake na sufuria mkononi. Nikisikia mtu, najifanya naenda kumwaga maji." Akapangusa maganda kwenye sketi. "Watoto wangu aliwachukua na hadithi. Mjukuu pia?"

 Yeye mwenyewe alinyoosha mikono, na Adhiambo, baada ya kusita, akampa mtoto. Dani alimshika mbali kidogo na kifua, kama unavyomshika mtu wa kesi.

"Aloo," akasema kwa ukali. Halafu, si kwa ukali, "Aloo. Ni wewe? Bado unataka nini kwangu?"

Mtoto alikwama katikati ya kilio. Akashikwa na kwikwi moja, mbili, akafungua macho.

Mtasema alikuwa amechoka. Huenda. Mtasema ni ile sauti ya hadithi iliyombembeleza. Mimi nilikuwepo, na ninachoweza kuwaambia ni kwamba nilisikia kuku wakichakura nyuma ya nyumba, nami nilikuwa sijajua kuna kuku.

Adhiambo aliliinua begi akaliingiza ndani.

Nilitoa majani ya chai ya shangazi na mkate wa Salim, maana mgeni hatoi hadithi tupu, na tukanywa chai kwenye mafiga ya Dani, sisi sote. Mama Akumu akasema jua linashuka, mgeni atalala wapi, kwake kumejaa vyungu. Dani aliinuka. Alikwenda kwenye ile nyumba ya tatu, akasukuma mlango kwa bega mpaka ukakubali, na tukasikia anafagia. Nikainuka nimsaidie. Adhiambo akanivuta leso. "Mwache," alisema.

Ndani palikuwa na kitanda cha kamba, kigoda, na dirisha dogo lenye mwanga wa jua la alasiri. Dani alinitandikia shuka yake mwenyewe. Mlangoni akageuka.

"Ukiota, utaniambia. Nataka kujua kama bado anaharibu ile sehemu ya mahari."

Nikajilaza kabla giza halijaingia, miguu ikiniwaka. Nilikuwa karibu kusinzia niliposikia hatua nje, upande wa ukuta, zikasimama. Sufuria ikagusa udongo kidogo. Nikangoja maji yamwagwe. Hayakumwagwa.

Basi nikakaa kitandani nikaanza kusimulia habari za paka mweusi wa Kaloleni, kwa sauti ya kutosha kupita ukutani.